Video ya send-off ya GB 27 itaingiaje kwenye flashi bila picha kuvunjika?

SWALI: Mimi ni mpiga video hapa Mafinga. Nimehariri send-off ya saa 2 na nusu kwa Shotcut, faili limetoka GB 27. Flashi ya mteja ni ya GB 32 na haina kitu, lakini Windows inasema faili ni kubwa mno. Nikalibana kwa HandBrake hadi GB 3.4, nikachagua QSV kwa kuwa inamaliza haraka. Limeingia, ila watu wakianza kucheza picha inavunjika vimraba, na ukuta wenye giza nyuma ya MC unachezacheza. Flashi inapanda basi kwenda Tukuyu kwa wazazi wa bibi harusi, nao watatazama kwenye TV ya siku nyingi kidogo. Laptop yangu ni Core i5, RAM GB 8. Nifanyeje?

JIBU: Ndugu, nafasi kwenye flashi ipo. Tatizo ni kwamba imefomatiwa FAT32, na mfumo huo haupokei faili moja linalozidi GB 4. Ungeweza kuifomati kwa exFAT ukaondokana na kikomo hicho, lakini TV nyingi za zamani hazisomi exFAT, na ya Tukuyu huwezi kuijaribu ukiwa Mafinga. Iache FAT32, kisha igawe sherehe mafaili mawili. Kuing'ang'aniza iingie kwenye faili moja ndiko kulikokuharibia picha.

Piga hesabu kabla ya kugusa programu. Ukubwa wa video ni kilobiti kwa sekunde mara idadi ya sekunde, gawa kwa 8,000,000, unapata GB. Saa 2 na nusu ni sekunde 9,000. Faili lako la GB 27 lilikuwa na kilobiti 24,000 kwa sekunde. La GB 3.4 lilibaki na 3,000 hivi, sauti ikiwemo. Kwa 1080p yenye watu wanaocheza chini ya taa za rangi, 3,000 ni njaa. Ukumbi wenye mwanga hafifu unazidisha shida, kwa sababu kamera ikipandishwa ISO (uwezo wa kunasa mwanga) inaleta chenga, vile vidotidoto kwenye picha. Chenga hubadilika kila fremu, na programu inazihesabu kama mwendo halisi, inazipa biti ambazo zingekwenda kwenye nyuso na vitenge. Ndiyo maana ukuta wako unachezacheza.

Sasa tafuta pa kukata. Send-off huwa na mapumziko yake, mara nyingi wageni wanapokwenda kuchukua chakula. Tuseme ni saa 1 na dakika 20: sehemu ya kwanza ina sekunde 4,800, ya pili 4,200. Ukiweka picha kilobiti 6,500 na sauti 160, ya kwanza inakuwa GB 4.0 na ya pili GB 3.5. Zile GB 4 za FAT32 huhesabiwa kwa 1,024; kwa hesabu yetu hii ya elfu elfu ni GB 4.29, hivyo umebaki upande salama, na picha imepata zaidi ya mara mbili ya biti ulizoipa mwanzo.

Fungua faili la GB 27 kwenye HandBrake. Usitumie lile la GB 3.4, kilichokwisha kupotea humo hakirudi. Kwenye "Range" chagua "Seconds", andika 0 hadi 4800 kwa sehemu ya kwanza. Aina ya faili iwe MP4. Nenda "Video", kwenye "Video Encoder" chagua H.264 (x264) badala ya QSV. QSV inatumia chipu ya picha ya Intel, kweli ni ya haraka, lakini kwa ukubwa uleule x264 inatoa picha safi zaidi, hasa biti zikiwa chache. H.265 ingepunguza ukubwa zaidi, ila TV ya zamani inaweza kukuonyesha sauti bila picha, au isifungue kabisa. Achana nayo kwa kazi hii.

"Framerate" iwe "Same as source" na "Constant". Kisha chagua "Avg Bitrate", andika 6500, na uwashe "Multi-Pass" (matoleo ya nyuma yanaandika "2-Pass"). Mzunguko wa kwanza unapima wapi pagumu, wa pili unagawa biti kulingana na ugumu: hotuba ya mjomba aliyesimama inapewa kidogo, muziki unapewa nyingi. "Preset" iweke "Medium", "Profile" High, "Level" 4.1. Kwenye kisanduku cha "Advanced Options" ongeza aq-mode=3. Hiyo inaipa x264 upendeleo wa sehemu za giza, na kwa kumbi zetu inasaidia sana.

Kwa chenga, nenda "Filters", kwenye "Denoise" chagua hqdn3d, kiwango "Light". Chaguo jingine hapo, NLMeans, linasafisha vizuri zaidi lakini kwa i5 litakuchelewesha mno. Usipande juu ya "Light": nyuso zitakuwa kama zimepakwa nta. Sauti iwe AAC, stereo, 160.

Kabla ya kurenda yote, weka "Range" ya sekunde 60 kwenye muziki wenye vurugu kuliko yote, renda, tazama kwenye TV, si kwenye laptop. Ukiridhika ndipo upange sehemu zote mbili kwenye foleni kwa "Add to Queue" na uziache usiku. Laptop iwe na betri nzima: HandBrake haiendelezi kazi ilipokatikia, na MP4 iliyokatwa katikati haifunguki kwa sababu faharasa yake huandikwa mwisho.

Kwa kazi zijazo, angalia "Export" ya Shotcut yenyewe. Ubora wa asilimia 55 pale ni sawa na CRF 23 (kipimo cha ubora, namba ndogo ni picha bora zaidi), na namba hiyo inaandikwa pembeni. Ukipandisha asilimia, CRF inashuka, na kila ikishuka 6 faili linakaribia kuongezeka maradufu. Kwa faili mama la kuhifadhi, CRF 18 hadi 20 inatosha.

Wakitaka kipande cha WhatsApp, kata dakika 2 au 3, 720p, "Constant Quality" RF 24 (ndivyo HandBrake inavyoiita CRF), ukitume kama dokumenti. Ukikituma kama video ya kawaida, WhatsApp inakibana tena.

Mafaili yape majina 1 na 2 mwanzoni ili TV iyapange sawa, toa flashi kwa "Eject", na faili la GB 27 usilifute mpaka Tukuyu wakupigie kwamba zote mbili zimecheza hadi mwisho.