Kabla hujanunua kamera, nenda mwaloni

Kijana mmoja wa Sengerema kaniandikia wiki iliyopita: "Kaka, nataka kutengeneza filamu ya uharibifu wa Ziwa Victoria. Ninunue kamera gani?" Nimeshamjibu, ila najua mko wengi wenye ndoto hiyo, na jibu langu lina kidonda ndani yake.

Filamu yangu ya kwanza ilihusu uvuvi haramu. Nilirekodi kokoro, ule wavu mrefu wa kukokota, likivutwa ufukweni Igombe, hapa Mwanza, likitoka limezoa mpaka sangara na sato wachanga, maana huko kwenye maji mafupi ndiko wanakokulia. Nikaweka muziki wa huzuni na msimulizi wa sauti nzito. Tukaizindua ukumbi wa hoteli mjini, makofi yakapigwa, juisi ikanyweka. Mfadhili akabandika nembo yake mwanzo na mwisho. Jina langu likapita chini kwa herufi ambazo mama yangu alishindwa kuzisoma. Hilo linaniuma hadi leo.

Lakini lililonifundisha lilitokea Igombe kwenyewe, nilipoipeleka baadaye sana na shuka jeupe na jenereta la kuazima. Dakika kumi hazijaisha, mzee mmoja akasimama mbele ya projekta, kivuli chake kikafunika picha yote. "Mwanangu, sisi umetuonyesha vizuri. Anayekuja alfajiri kununua hao samaki wachanga yuko wapi?"

Nilikosa la kusema. Nilikuwa nimewarekodi wenye miguu mitupu. Wenye viatu sikuwafuata.

Mwanza tuna historia na kamera, ndugu zangu. Filamu ya Darwin's Nightmare ya Hubert Sauper, kuhusu biashara ya sangara, ilirekodiwa hapa hapa, ikatoka mwaka 2004, ikateuliwa kuwania Oscar, na mwaka 2006 Rais Kikwete akailalamikia hadharani kwamba inaichafua nchi. Ukitoa kamera soko la samaki la Mwaloni Kirumba leo, utaulizwa umetumwa na nani. Usikasirike. Weka kamera begini, kaa, kunywa chai, jieleze. Wana haki ya kuuliza.

Kwa hiyo ushauri wangu: waonyeshe kwanza uliowarekodi, kwa Kiswahili chao, kabla ya mfadhili, kabla ya mtandao. Narudia, kwanza wao! Tunajiita watetezi wa ziwa halafu wavuvi tunawafanya mapambo ya filamu zetu. Tuache.

Filamu ya pili nimeirekodi kwa simu. Nimemfuata sangara wa chini ya sentimita 50, ambaye sheria inakataza kuvuliwa, kutoka wavuni hadi tenga la baiskeli, hadi sokoni, hadi sahani ya mama lishe mjini, ambapo wengi wetu tumekula bila kuuliza.

Jumamosi tuliionyesha Igombe. Mzee yule alikaa benchi la mbele, kimya mpaka mwisho. Kisha akaomba ile sehemu ya sokoni irudiwe, akamwita mjukuu wake asogee karibu na shuka.