Mnaoniuliza kuhusu bondeni: mwezi wangu mmoja ni mwaka wenu mzima

Ndugu zangu, barua zenu zimenifikia furushi zima kwa mara moja, na karibu zote zinasema mambo yale yale: kwamba huku bondeni watu hawazeeki, kwamba mtu akifanya kazi miezi michache hurudi na utajiri wa miaka, na kwamba mimi nimepata nikawasahau. Binamu yangu mmoja ameandika kwamba anauza kiwanja chake ili naye ashuke akaongeze umri. Namwomba asikiuze kabla ya kusoma haya.

Wengine mnasema ni uchawi. Si uchawi. Nadharia ya Einstein ya mwaka 1915 ilikwisha eleza kwamba saa iliyo karibu zaidi na ardhi huenda polepole kuliko iliyo juu, na mwaka 2010 wanasayansi wa Marekani waliinua saa ya atomu kwa sentimita 33 tu wakaiona inakwenda kasi zaidi. Saa za setilaiti za GPS nazo zingezitangulia za ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 kila siku kama wahandisi wasingezirekebisha. Kwingine kote tofauti hiyo ni ndogo mno kiasi kwamba hakuna binadamu anayeihisi; katika bonde hili imekuwa kubwa hata ikatutenganisha.

Lakini hakuna anayeongezewa umri, na hili ndilo wapiga debe wa ukingoni hawawaambii. Saa yangu ya mkononi huenda kwa mwendo ule ule nilioujua nilipokuwa nanyi, zamu ya saa 12 huchosha kama zamu ya saa 12, na mvi zangu huota kwa kuifuata saa hiyo. Mtu aliyeandikiwa miaka 70 ataishi miaka yake 70 huku chini, asipate hata dakika ya nyongeza. Faida pekee ni kwamba akipanda atakuta wenzake wamezeeka au wamekufa, na sijui ni nani anayeiita hiyo faida.

Sasa tuje kwenye pesa, maana ndiko mnakoniumiza. Mnalalamika kwamba natuma mara moja kwa mwaka. Ni kweli. Mwajiri wangu hulipa mwisho wa mwezi kwa kalenda ya bondeni, na siku hiyo hiyo zaidi ya nusu ya mshahara hupandishwa ukingoni ije kwenu. Kwangu ni matumizi ya kila mwezi ambayo sijawahi kuyakosa. Kwenu ni pesa za mwaka mzima, na ikifika katikati ya mwaka zimekwisha na mimi nimekwisha kuwa mkaidi. Muhula mmoja wa shule, ambao ninyi mnauhangaikia miezi mitatu, kwangu hupita kwa muda wa wiki moja na kidogo. Wakati fulani ujumbe kwamba mtoto amerudishwa nyumbani kwa ajili ya ada ulinifikia nikiwa naingia kulala, nikaazimia kuwaomba wenzangu mkopo asubuhi. Nililala muda wa saa 8. Nilipoamka simu ilikuwa imejaa ujumbe wa siku nne, wa kwanza wa upole, wa mwisho ukiuliza kama bado nalikumbuka jina la mtoto. Nalikumbuka. Nilikuwa nimelala tu.

Kupigiana simu moja kwa moja hakuwezekani, kwa kuwa sauti zenu hunifikia zimekazwa mara 12 na yangu huwafikia imevutwa vivyo hivyo. Kibali cha kuishi nacho huhesabiwa kwa kalenda ya ukingoni: cha miaka miwili humalizika baada ya miezi miwili ya huku, na ada ya kukihuisha hukatwa kwenye mshahara ule ule mnaoutazamia.

Kwa hiyo msije. Mwenye mzazi mgonjwa asije kabisa, hata kwa wiki moja, kwa sababu wiki hiyo ni karibu miezi mitatu ya ugonjwa. Lakini kijana asiye na anayemtegemea, sioni kwa nini nimzuie. Kazi ipo, mshahara haucheleweshwi, na wenyeji si watu wabaya. Hata hivyo, kijana huyo ajue kwamba mchumba hangoji miaka mitano kwa sababu mwenzake anaona ni miezi mitano. Akija, basi asikae bila mpango. Kabla ya kushuka, afungue akaunti ukingoni na kuagiza kwa maandishi kwamba pesa zake zitolewe kidogo kidogo kwa kalenda ya nyumbani, wala asimtumie ndugu mmoja zote kwa mkupuo, hata awe mwaminifu kiasi gani.

Mimi ningepanda hata kesho. Nabaki kwa sababu kila ninapopiga hesabu ya kupanda, naona watoto wawili walio katikati ya masomo. Mshahara wa mwezi huu umekwisha fika ukingoni: ugawanyeni mara 12, ada itangulie kila muhula, na dawa za mama zisikopwe tena kwa mtu.