JIBU: Digrii ya umeme, ndoto ya utafiti wa ubongo

Mdogo wangu, nimekuelewa: umemaliza uhandisi wa umeme, upo Moshi, unataka kuwa mtafiti wa uhandisi wa neva (uhandisi unaohusu ubongo na mishipa ya fahamu), na mzee anakusukuma utafute ajira kwanza.

Usisubiri vifaa. Ingia PhysioNet, tovuti ya data za kitabibu, upakue bure mawimbi ya ubongo ya watu 109, yaliyorekodiwa kwa chaneli 64 (sehemu 64 za kichwani) wakikunja ngumi au kuwaza tu kuikunja. Yachambue kwa Python, lugha ya kuandikia programu. Utashangaa jinsi kupepesa jicho kunavyoyafunika; ukishaweza kuusafisha uchafu huo, una cha kumwonyesha profesa. Kwangu mimi hicho kinazidi GPA.

Uzamili unaweza kuanzia chuo cha Nelson Mandela, pale Tengeru, Arusha, upande wa kompyuta na mawasiliano. Uzamivu wa nje, usiondoke bila ufadhili wa ada na posho, hata ukoo ukichanga kama harusi. Uliza pia: msimamizi akihama, wewe unabaki na nani?

Ukitaka kupima watu, hata washkaji, pata kwanza kibali cha maadili. Na elektrodi (vinasa umeme vya kubandika kichwani) za kujitengenezea zilizochomekwa umeme wa ukutani usimbandike mtu. Hiyo ni kazi ya mhandisi wa vifaa tiba, siyo ya geto.