Saa nane ya Handeni na saa nane ya Ohio

Wazigua wa Chogo, Handeni, makazi ya waliokimbia Somalia, wenye jamaa waliopokelewa Marekani kama wakimbizi tangu 2003 watalielewa hili haraka: mgeni hukosa miadi ya hospitali kwa sababu ya saa tu. Karatasi imeandikwa 8:00 AM. Yeye anasoma saa nane, anafika mchana, amechelewa saa 6 nzima.

Dawa ni saa ya mishale. Mshale mfupi ukiwa kwenye 8, namba inayotazamana nayo ni 2, basi ni saa mbili yetu. AM huanza saa sita usiku, PM saa sita mchana. Wengi huteleza kwenye 12: 12:30 AM ya tarehe 8 ni usiku wa kuamkia tarehe 8. Wazee wa pwani hawatashangaa, kwao usiku wa Ijumaa ni Alhamisi baada ya magharibi. Ila mkalimani wa bara akiusikia huo "usiku wa Ijumaa" ataandika Ijumaa yenyewe. Mtajie tarehe.

Tarehe nayo ina mtego wake. Kule mwezi hutangulia, kwa hiyo 03/07 ni Machi 7. Siku ikizidi 12 kosa huonekana. Isipozidi, hupita kimya mpaka karatasi mbili za mtu mmoja zije zipingane. Waliopewa Januari 1 kambini kuwa tarehe ya kuzaliwa wasijirekebishie kwenye fomu ya shule. Fuata I-94 (rekodi ya kuingia Marekani) ilivyo, jina herufi kwa herufi, na masahihisho uyapeleke kwa mwanasheria wa uhamiaji.

Ukihama nyumba, peleka uhamiaji wa Marekani taarifa ya AR-11 (fomu ya kubadili anwani) ndani ya siku 10, kwa kila mtu, watoto pia (aliyezaliwa huko ni raia, haimhusu). Kuiambia posta hakutoshi: posta huhamisha barua, haiwaarifu uhamiaji. Baada ya mwaka 1 unapoomba ukaazi wa kudumu, barua ya miadi ikienda nyumba ya zamani ni hasara kubwa.

Kuhusu simu: Ohio, jimbo la Marekani, iko nyuma yetu kwa saa 8, au 7 kuanzia Jumapili ya pili ya Machi hadi ya kwanza ya Novemba. Ukitoka zamu huko saa tano usiku, mama Handeni yuko kwenye chai ya asubuhi, piga. Ukipiga saa mbili usiku utamwamsha saa tisa au kumi alfajiri, naye atapokea akidhani kuna msiba.