Tanguliza sauti, picha ifuate

Umeuliza jinsi ya kumfanya mtazamaji wa filamu yako ya dakika 4 ahisi kumbukumbu inadanganya bila msimulizi kulitamka. Itazame filamu ya majaribio (nostalgia) ya Mmarekani Hollis Frampton, 1971, kama dakika 36: picha zinaungua moja moja juu ya jiko la umeme, huku sauti ikieleza picha inayofuata, si hii tunayoiona. Picha ikifika, maelezo yake tumeshaanza kuyasahau. Kinachoyumba ni kumbukumbu yetu sisi, na hapo ndipo uzuri wake ulipo.

Kwa dakika 4, picha 6 za sekunde 40 zinatosha. Rekodi sauti yote kwanza, kisha itangulize kwa picha moja. Maelezo ya mwisho, ya picha ya saba, yatakosa picha. Acha hivyo hivyo. Kila maelezo yawe na kitu cha kuhakiki: idadi ya watu, saa ya ukutani, nani kavaa kofia. "Siku ile ilikuwa nzuri" huua mbinu nzima, maana hakuna cha kulinganisha. Ukungu na rangi ya kahawia, achana navyo kabisa: humtangazia mtazamaji kwamba hii ni kumbukumbu, naye huacha kuikagua.

Ukichoma picha, chomea nje. Karatasi nyingi za siku hizi zina tabaka la plastiki, huyeyuka na kutoa moshi mkali.