Picha za uhuru wa Tanganyika: namna ya kuzitafuta kabla hujalipa

Mkuu, umeuliza utapata wapi picha za filamu za Desemba 9, 1961 kwa filamu yako ya makala ya dakika 50, na kama zile za YouTube unaweza kuzishusha tu. Usizishushe. British Pathé, hifadhi ya Uingereza ya filamu za habari za zamani, waliweka huko filamu zao zipatazo 85,000 mwaka 2014 ili watu watazame. Ukitaka kuzitumia unaomba leseni. Ila kwa kutafutia, hapo ni pazuri sana.

Wengi wanakwama kwenye maneno ya kutafutia. Orodha za hifadhi hizi nyingi ziliandikwa London, na karani aliandika alichokijua yeye. Ukitafuta "Tanzania" au "uhuru" unaweza kuambulia patupu. Andika Tanganyika, andika Dar-es-Salaam yenye vistari, kisha Duke of Edinburgh, maana Prince Philip ndiye aliyemwakilisha Malkia siku ile. Jaribu pia Turnbull, gavana wa mwisho. Tafuta Pathé, na mashirika ya habari ya Reuters na AP. Kwa maisha ya enzi za ukoloni nenda kwenye hifadhi za Uingereza: BFI (taasisi ya filamu), Imperial War Museums na Bristol Archives.

Ukiipata picha, usiamini kichwa chake. Itazame bendera. Ya Tanganyika ilikuwa na mistari ya kulala. Ya Tanzania ina mstari unaokatiza kona kwa kona. Hata kwenye nyeusi na nyeupe utaiona tofauti. Mstari ukikatiza kona, hiyo ni 1964 au baadaye, hata kama kichwa kinasema 1961. Kosa hili watazamaji wazee hawalisamehe, na wana haki.

Sasa hela. Hifadhi nyingi zina kima cha chini cha urefu unaoulipia, mara nyingi sekunde 30. Ukichukua shoti moja ya sekunde 6 kutoka kila hifadhi kati ya tano, umetumia sekunde 30 na umelipia 150. Kwa hiyo bana vyanzo viwe viwili au vitatu. Hariri kwanza kwa nakala ya kutazamia, ile yenye nembo na namba za muda juu ya picha, na usizifute namba hizo: ndizo utakazoandika kwenye oda. Lipia baada ya kufunga uhariri. Bei inapanda kwa nchi, miaka na njia ya kuonyeshea, basi omba bei ya matamasha ya filamu pekee na ya dunia nzima kwa wakati mmoja, kwani kurudi baadaye kuongeza haki mara nyingi ni ghali zaidi. Muziki uliowekwa kwenye zile filamu za habari za sinema una haki zake peke yake. Kipande chenye muziki huo kichukue bila sauti.

Mwisho ni ufundi. Omba kasi ileile ya asili. Filamu ya fremu 24 kwa sekunde ikichezwa kwa 25 inakimbia kwa asilimia 4 na sauti ya Mwalimu inapanda. Na umbo la 4:3, lile la picha za zamani, liache na nafasi nyeusi pembeni. Ukilikata liwe 16:9, umbo pana la TV za leo, unapoteza robo ya kimo, yaani ama vichwa vya watu ama bendera yenyewe.