Ukimwondoa msimulizi, anza na sauti

Msomaji mmoja ameandika kwamba amefuta maelezo yote ya msimulizi kwenye dokumentari yake ya majaribio, na sasa filamu imebaki vipande vipande. Picha zake hazina kosa. Shida ni kwamba sauti zote alizonazo zilinaswa na kamera: shoti ikikatika, mvumo wa mahali pale unakatika nao, na sikio linashtuka kabla ya jicho.

Nasa sauti peke yake, kamera ikiwa imezimwa. Kila mahali chukua dakika 2 za mvumo wa pale, bila mtu kuongea wala kusogea. Weka kinasa sauti kwenye kilohezi 48 na biti 24, na vilele vya sauti, yaani pale inapopanda juu zaidi, visipite desibeli -12. Vikigonga 0 sauti inapasuka, na hakuna programu itakayoirudisha ilivyokuwa. Kisha nasa kitu kimoja kimoja kwa karibu, bawaba ya mlango, nyayo, maji yakimiminwa, maikrofoni ikiwa kama sentimita 20 tu. Nje penye upepo sifongo ya maikrofoni haitoshi, ivalishe kifuniko cha manyoya.

Wanaopiga kwa kamera ya filamu ya milimita 16 inayoendeshwa na springi hawana hiari ila kunasa sauti kando. Bolex, kamera moja ya aina hiyo, springi yake ikijazwa hadi mwisho hukimbia sekunde 28 hivi kwa kasi ya fremu 24 kwa sekunde, na kasi yake haishiki sawasawa, kwa hiyo midomo na maneno huachana hata ukinasa vyote kwa pamoja. Wengi wameugeuza ufinyu huo kuwa msimamo. Mtengenezaji filamu Trinh T. Minh-ha, katika filamu yake Reassemblage ya 1982 aliyoipiga Senegal, anasema hakusudii kuzungumza kuhusu watu, bali karibu nao. Ukimya na sauti zinazokatwa ghafla mle ndani ndiyo namna yake ya kulitimiza neno hilo. Na hapo ndipo penye uzito wa kazi hii: mtu aliyekubali kupigwa picha hajakubali kufasiriwa.

Kwenye uhariri, tandika sauti kwanza. Sauti ya shoti inayofuata ianze fremu 12 hadi 48 kabla ya picha yake. Skrini nyeusi ya chini ya sekunde 1 huonekana kama hitilafu. Ifikishe sekunde 4, sauti ikiendelea, na mtazamaji ataanza kusikiliza. Ukimya mtupu utumie kwa nadra, maana ukumbini watu hudhani spika zimezimika. Acha mvumo hafifu chini yake.

Ukilazimika kurudisha maneno, yaandike baada ya picha kukaa, yasizidi 8 kwa kila sekunde 10. Sentensi inayotaja kinachoonekana tayari, ifute, hata kama uliipenda.

Halafu icheze filamu nzima skrini ikiwa imefunikwa, kisha icheze tena bila sauti. Pale ambapo nusu moja inaeleza kila kitu bila mwenzake, rudi ukakate.